Kuwajibu Wasemao Kuwa Pellonpää Hakuigiza

Tangu Matti Pellonpää alipofariki dunia mjini Vaasa, katika nchi ya Ufini, tarehe 13 Julai 1995, akiwa na umri wa miaka 44, neno moja limekuwa likirudiwa juu yake na watu wanaodhani kuwa wanamsifu. Husema kwamba mtu huyu hakuwa akiigiza. Alikuwa akijionyesha tu. Ati masharubu yale yalikuwa yake, huzuni ile ya macho ilikuwa yake, sigara ile aliivuta hata nyumbani, na glasi ile aliinywa hata mahali pasipokuwa na kamera. Basi mwongozaji wa filamu alikuwa na kazi moja, kumsimamisha penye mwanga na kungoja. Neno hili husemwa kwa mapenzi, na aghalabu husemwa na watu waliozipenda filamu zake kweli. Walakini mapenzi hayaligeuzi kuwa haki. Humwondolea fundi ufundi wake na kumwachia sura yake tu, kama mtu amsifuye seremala kwa uzuri wa mti.

Habari za maisha yake peke yake zinatosha kulitikisa neno hilo. Pellonpää alizaliwa Helsinki tarehe 28 Machi 1951. Katika mwaka 1962, ilhali bado ni mtoto wa miaka 11, alianza kuigiza katika michezo ya redio ya shirika la utangazaji la taifa. Baadaye aliingia katika shule ya uigizaji mjini humo, akahitimu katika mwaka 1977. Alipotokea katika filamu iliyomfanya ajulikane na watu wengi, Varjoja paratiisissa, yaani Vivuli Peponi, ulikuwa mwaka 1986. Msomaji na apige hesabu: kati ya kipaza sauti cha kwanza na lori la taka la filamu hiyo ilikuwako miaka 24. Mtu anayejionyesha tu hahitaji miaka 24 ya kujifunza kujionyesha.

Na jambo la redio si dogo. Katika redio hakuna masharubu. Hakuna macho yenye huzuni, wala koti lililochakaa, wala moshi unaopanda polepole mbele ya uso. Kuna sauti na pumzi, na kuna kimya ambacho kikizidi kidogo humfanya msikilizaji adhani kuwa mtambo umeharibika. Mtoto aliyelelewa na kazi hiyo hujifunza mapema kwamba neno lina uzito wake, na kwamba nafasi kati ya neno na neno ina uzito pia. Wahakiki waliostaajabia ukimya wa Pellonpää katika sinema, wakauita tabia yake ya kuzaliwa, wangalipaswa kwanza kuuliza ni wapi alipojifunzia kunyamaza.

Huenda lugha ya Kiswahili yenyewe inawatega wasomaji wake katika jambo hili. Neno kuigiza limetoka katika kuiga. Mwanafunzi alisikiapo hukumbuka kuiga, na kwa hiyo hutazamia kuona nakala iliyo mbali na mwenye kunakili: kijana aliyejifanya mzee, tajiri aliyevaa matambara, mpole aliyenguruma kama simba. Umbali huo ndio anaoulipia kiingilio. Kadiri umbali unavyokuwa mkubwa, ndivyo anavyopiga makofi. Na ukiwa mdogo hata hauonekani, huona kuwa hakupewa kitu. Lakini neno hilo lina kiishio cha kusababisha, kama kilivyo katika pendeza na umiza. Mwenye kupendeza husababisha kupenda kwa mtu mwingine, na mwenye kuumiza husababisha maumivu katika mwili usio wake. Aigizaye naye hupimwa kwa jambo analolisababisha. Kipimo cha haki kwake ni kile kinachotokea ndani ya mtazamaji, wala si urefu wa safari aliyosafiri kutoka nafsi yake. Pellonpää anashindwa kwa kipimo cha kwanza, ambacho ni cha kitoto, na anawashinda wengi kwa kipimo cha pili.

Itazamwe filamu hiyo ya Vivuli Peponi. Nikander ni dereva wa lori la taka mjini Helsinki. Mfanyakazi mwenzake, aliye mzee kuliko yeye, anatunga mpango wa kuacha kazi ya watu na kuanzisha kampuni yake mwenyewe. Mara anaanguka kazini, moyo umesimama, anakufa. Nikander analewa, analala mahabusu, anapata rafiki mpya huko huko. Kisha anampenda Ilona, mpokea fedha katika duka kubwa la vyakula, aliyeigizwa na Kati Outinen. Anampeleka Ilona mahali pa kuchezea bingo, na kutoka huko kwa mara ya kwanza kunaharibika kabisa. Ilona anafukuzwa kazi, anaondoka na kisanduku cha fedha cha duka kwa hasira, na Nikander ndiye anayekirudisha kwa siri. Mwishoni wawili hao wanapanda meli kwenda Tallinn. Hadithi nzima ingeandikwa nyuma ya bahasha.

Sasa msomaji na ajiulize ni nini kinachomfanya mtazamaji asitoke nje. Nikander hasemi hotuba yoyote juu ya upweke. Halii wala hapigi kelele, na hata anapokataliwa uso wake haubadiliki ila kidogo mno. Lakini jinsi anavyosimama mbele ya Ilona inatofautiana na jinsi anavyosimama mbele ya mfanyakazi mwenzake. Mbele ya rafiki mabega yake yamelegea. Mbele ya mwanamke mwili wote umekazwa kama wa mtu anayebeba maji yaliyojaa hadi ukingoni. Pale kwenye bingo amekaa kwa adabu ya mtu aliyechagua mahali pasipofaa, ambaye amekwisha kujua hivyo, na hajui namna ya kuondoka. Adabu hiyo haikutoka katika baa yoyote ya Helsinki. Imechaguliwa, imepunguzwa, imepunguzwa tena, mpaka imebaki ile sehemu tu isiyoweza kuondolewa bila kumwua mhusika.

Hapa ndipo ubaya wa lile neno unapokuwa bayana. Mwigizaji akivaa taji na kusema kwa sauti ya mfalme, hakuna asemaye kuwa alikuwa akijionyesha mwenyewe. Wote hukubali kuwa amefanya kazi, maana wafalme ni wachache na mwigizaji si mmoja wao. Akiwa daktari au mwanasheria mwenye mawazo mazito, husifiwa kwa akili. Lakini akiwa mzoa taka, au mfungwa, au fundi wa magari, ati hakufanya kitu, alikuwa yeye tu. Kwa nini? Pellonpää hakuwa dereva wa lori la taka. Alikuwa mwigizaji tangu utoto, mwenye elimu ya kazi yake. Umbali uliokuwako kati yake na Nikander haukuwa mdogo kuliko umbali kati ya mwigizaji mwingine na Hamlet. Wasiouona hawauoni kwa sababu wameamini jambo jingine ambalo hawalisemi: kwamba mtu maskini hana undani wa kuingiwa. Mfalme ana nafsi, kwa hiyo kumwigiza ni kazi. Mzoa taka ana sura tu, kwa hiyo yatosha kuwa na sura inayofanana. Dharau hiyo humwangukia mwigizaji kwanza, lakini haikukusudiwa yeye. Imekusudiwa mzoa taka.

Wenye kulitetea lile neno huwa na hoja moja iliyo bora kuliko nyingine, na ni haki isikilizwe. Husema: tazameni filamu zake zote, mtu ni yule yule. Nywele ni zile zile zilizolazwa nyuma, masharubu ni yale yale, sauti ni ile ile ya chini. Ni kweli kwamba hakuwa mwigizaji wa kujibandika pua za bandia. Lakini je, wahusika hao ni mtu mmoja? Mikkonen wa filamu ya Ariel, ya mwaka 1988, ni mfungwa aliyezoea gereza hata amekuwa kama mwenyeji anayempokea mgeni. Ana ucheshi wa mtu asiyetazamia kitu. Anatoroka pamoja na Taisto, mchimba madini aliyepoteza kazi baada ya mgodi wake kufungwa, na safari inamfikisha kwenye mikono ya wahalifu wanaomwua. Gari la Taisto ni la paa la kukunjwa, nalo limeendeshwa wazi katika baridi ya Ufini kwa kuwa mwenyewe hajui namna ya kulifunga. Katika saa ya kufa ni Mikkonen aliyeketi nyuma ndiye anayebonyeza kitufe, na paa linapanda na kuwafunika. Mwigizaji mwingine angaliitia saa hiyo maumivu na mashairi. Pellonpää anakitazama kitufe kwa udadisi wa mtu anayetengeneza kitu kidogo nyumbani kwake, na kwa sababu hiyo kifo chake hakisahauliki.

Mwaka uliofuata, 1989, katika Leningrad Cowboys Go America, yeye ni Vladimir, meneja wa bendi ya wanamuziki wenye nywele zilizochongoka na viatu vilivyochongoka zaidi. Huyu ni mdhalimu kamili. Hula jasho la wanamuziki wake, huwalisha vitunguu vibichi, na mwenyewe hunywa bia. Masharubu ni yale yale. Lakini macho yaliyokuwa yakiomba radhi katika Vivuli Peponi hapa yanahesabu. Uso usiobadilika, ambao kwa Nikander ulikuwa ngao ya mtu mwenye haya, kwa Vladimir umekuwa mlango wa hazina uliofungwa. Mtu na azitazame filamu hizi mbili usiku mmoja, kisha aseme kama bado anaona mtu mmoja aliyesimamishwa penye mwanga. Na katika filamu ya pili ya bendi hiyo, iliyotolewa mwaka 1994, Vladimir anarudi na kudai kuwa sasa yeye ni Musa. Ikiwa Pellonpää alikuwa akijionyesha mwenyewe tu, basi alikuwa na nafsi nyingi kuliko binadamu yeyote aliyepata kuandikwa.

Kisha kuna Rodolfo. La Vie de bohème ya mwaka 1992 ilitoka katika kitabu cha Henri Murger juu ya wasanii mafukara wa Paris, kitabu kile kile kilichompa Puccini opera yake. Aki Kaurismäki aliipiga kwa picha nyeusi na nyeupe, na kwa Kifaransa. Rodolfo ni mchoraji kutoka Albania, asiye na kibali cha kukaa Ufaransa, ambaye polisi wanamwondoa nchini na ambaye anarudi kwa njia anazozijua mwenyewe. Wasemao kuwa Pellonpää alikuwa akijionyesha wana deni la kueleza jambo hili: imekuwaje mtu wa Helsinki, mwenye kusema Kifini, ajionyeshe mwenyewe akiwa Mwalbania anayesema Kifaransa mjini Paris? Lugha si yake, taifa la mhusika si lake, mji si wake. Kitu chake kimoja tu kilichobaki ni ufundi. Na kwa kazi hiyo, katika mwaka huo wa 1992, alipewa tuzo ya filamu ya Ulaya, wakati ule ikiitwa Felix, kuwa mwigizaji bora wa kiume.

Mwisho wa filamu hiyo unastahili kusimuliwa. Mimi, mpenzi wa Rodolfo, amerudi kwake akiwa mgonjwa, na marafiki wameuza vitu vyao ili alipiwe hospitali. Ni majira ya kuchipua. Mimi anamwomba Rodolfo aende nje akamchumie maua. Anaporudi, Mimi amekufa. Kwa miaka zaidi ya mia, katika jukwaa la opera, mwanamume mwenye sehemu hii ameanguka juu ya kitanda na kulitaja jina la marehemu kwa sauti ya kupasua paa, na watu wamelia kwa kuwa wameamriwa kulia. Rodolfo wa Pellonpää hafanyi hata moja ya hayo. Anaondoka. Marafiki wako tayari kumsindikiza, yeye anataka kuwa peke yake, anakwenda zake na mbwa wake. Mtazamaji ameachiwa kilio chote akibebe mwenyewe. Hicho ndicho kiishio cha kusababisha kilichotajwa hapo juu.

Wengine wakishindwa hapo huhamisha sifa. Husema kuwa ufundi upo, lakini ni wa mwongozaji. Kaurismäki anajulikana kwa kupunguza: maneno machache, miondoko michache, na kila kitu kisichohitajiwa kinatupwa nje. Basi, wasema, mwigizaji wake ni kama kinanda, na mpigaji ni mwingine. Hoja hii ina chembe ya kweli, maana hakuna mtu aliyemwandikia Pellonpää sehemu nzuri kuliko Aki Kaurismäki. Lakini ukimya wa waigizaji wa Kaurismäki si wa namna moja. Kati Outinen akinyamaza, hunyamaza kama mtu aliyeumizwa zamani na ambaye hatatoa nafasi ya pili. Turo Pajala katika Ariel hunyamaza kama mtu asiyejua neno la kusema. Sakari Kuosmanen ni mwili mkubwa ulionyamaza, na ukubwa wenyewe unachekesha. Kwa Pellonpää maneno yapo mengi ndani, naye ameyapima na kuyaona hayafai. Kama mpigaji ni mmoja, mbona vinanda vinatoa sauti mbalimbali?

Na kuna ushahidi ulio nje ya mikono ya ndugu wa Kaurismäki kabisa. Katika mwaka 1991 Jim Jarmusch wa Marekani alitoa Night on Earth, filamu ya teksi tano katika miji mitano, na ya mwisho ni ya Helsinki. Dereva, aitwaye Mika, ni Pellonpää. Usiku wa theluji anawachukua walevi watatu, na mmoja wao amelala fofofo. Wawili walio macho wanasimulia misiba ya huyo aliyelala: amefukuzwa kazi, gari lake limeharibika, nyumbani hakukaliki. Dereva anasema kuwa hayo si mabaya sana. Kisha anasimulia yake, ya mtoto aliyezaliwa kabla ya wakati, ambaye madaktari walisema hataishi, na jinsi yeye baba alivyoamua kutompenda ili asiumie atakapomkosa. Mtoto akaendelea kuishi siku baada ya siku, kinyume cha maneno ya madaktari. Wazazi walipoamua hatimaye kumpenda kwa mioyo yao yote, mtoto akafa.

Mwigizaji amekaa nyuma ya usukani. Hawezi kusimama wala kutembea, na uso unaonekana nusu yake katika mwanga hafifu. Hii ni redio ya mwaka 1962 imerudi. Pellonpää anaisimulia habari hiyo bila kuipandisha sauti, kama mtu asomaye orodha ya vitu vilivyopotea, na kila anapofika mahali ambapo msimuliaji wa kawaida angalisita ili aonewe huruma, yeye hupita. Husita mahali pengine, pasipotazamiwa. Walevi wanalia, wanamkumbatia, na wanaanza kumdharau rafiki yao aliyelala, ambaye misiba yake imekuwa midogo ghafula. Kichekesho na msiba vimekaa katika kiti kimoja, na kinachovizuia visiangushane ni sauti ya mtu mmoja. Mwongozaji hapa alikuwa mgeni. Ujuzi ule ulikuja na mwigizaji, naye aliondoka nao.

Yote haya yangeweza kuachwa kama ugomvi wa wapenda sinema, kama lile neno lisingekuwa na madhara mengine. Madhara hayo yako kwa vijana. Filamu ya kumbukumbu yake iliyotolewa mwaka 2011 iliitwa Boheemi elää, yaani Mbohemia Yu Hai, na jina lenyewe linaonyesha jinsi mtu na Rodolfo walivyokwisha kuunganishwa katika fikira za watu. Mwanafunzi wa uigizaji, popote alipo, akiambiwa kuwa Pellonpää alikuwa mkubwa kwa sababu ya kuishi kama wahusika wake, atafanya nini? Atatafuta baa. Atavuta sigara mbele ya kioo na kungoja huzuni iingie machoni. Hataenda kujifunza kupumua, kutamka, kusimama, wala kuyapunguza maneno. Maana ameambiwa kuwa mtu yule hakujifunza. Na mwili wa Pellonpää ulidumu miaka 44 tu, moyo ukasimama. Walimu wanaolirudia neno lile darasani kama kichekesho wanafundisha sehemu ya maisha yake iliyomwua, na kuificha ile iliyomfanya astahili kutajwa darasani.

Jambo jingine linapasa kuguswa, ingawa kwa ufupi. Pellonpää alikuwa mwigizaji wa aina ambayo kwa desturi hupewa sehemu za pembeni: rafiki wa shujaa, mfungwa mwenziwe, meneja, mtu wa masharubu anayepita. Katika Calamari Union ya mwaka 1985 yeye ni mmoja wa kundi la wanaume wanaovuka Helsinki kutoka mtaa wa kazi wa Kallio kwenda Eira ulio karibu na bahari, na karibu wote wanaitwa Frank. Hata jina la kumpambanua hakupewa. Katika Zombie ja kummitusjuna, ya Mika Kaurismäki, mwaka 1991, shujaa ni mwingine. Hata katika Ariel shujaa ni mwingine. Wenye kuandika historia za sinema huhesabu sehemu kuu, na kwa hesabu hiyo watu wa namna yake huingia katika mistari ya mwisho. Lakini ni nani aliyeitazama Ariel akamsahau Mikkonen? Ukubwa wa sehemu ni jambo la mwandishi wa mchezo. Pellonpää aliingia katika sehemu ndogo kama mtu aingiaye chumba chake mwenyewe, ajuaye kila kitu kiko wapi gizani, na alipotoka chumba kilionekana kitupu.

Katika Pidä huivista kiinni, Tatjana, ya mwaka 1994, ambayo ni fupi kuliko filamu nyingi, yeye ni Reino, fundi wa magari mpenda vodka, anayesafiri na rafiki yake mpenda kahawa. Wanawake wawili, mmoja Mrusi na mwingine wa Estonia, wanapanda gari lao, na wanaume hao wanashindwa hata kuwasemesha. Baada ya ukimya mwingi, Tatjana anakilaza kichwa chake juu ya bega la Reino. Reino anauzungusha mkono wake. Hakuna jingine linalotokea, na filamu yote ilikuwa ikienda hapo. Mkono ule unakwenda polepole, kwa hofu, kama mkono wa mtu anayegusa kitu ambacho hakuwahi kudhani kuwa ni halali kwake. Wako waigizaji waliotumia kurasa kumi za maneno ya mapenzi wasifike nusu ya mwendo wa mkono huo. Kuuita mkono ule tabia ya kuzaliwa ni kukataa kutazama.

Pellonpää alipofariki, Aki Kaurismäki alikuwa na filamu nyingine akilini, na sehemu yake kuu alikuwa ameikusudia kwake. Ilibidi iandikwe upya, nayo ikapewa Kati Outinen, akawa Ilona, mkuu wa watumishi katika hoteli ya kulia chakula inayofungwa, ambaye mumewe naye anapoteza kazi ya kuendesha tramu. Filamu hiyo, Kauas pilvet karkaavat, ilitolewa mwaka 1996, na imetolewa kwa kumbukumbu yake. Ndani yake Ilona anasimama nyumbani na kuitazama picha ya mtoto mdogo, ambaye inafahamika bila kusemwa kuwa alikuwa mtoto wao, naye amekufa. Picha hiyo ni ya Matti Pellonpää mwenyewe alipokuwa mtoto. Ndiyo mara moja tu katika filamu za Kaurismäki ambapo yupo na haigizi: hana masharubu, hana sigara, hana sauti, ni yeye mwenyewe na hakuna jingine. Na mtazamaji asiyekwisha kuambiwa ni nani hawezi kumtambua.